Mganga wa Bukoba na Siasa za Tanganyika

Tumezoea kusikia habari za uhuru wa Tanganyika zikianza na mwalimu. Ni haki kuzianza hivyo, maana Julius Nyerere alikuwa mwalimu wa shule, na watu walimwita kwa jina la kazi yake mpaka siku aliyofariki. Lakini kabla ya mwalimu alikuwako mganga. Mwaka 1950, miaka mitatu kabla ya Nyerere kuchaguliwa kuwa rais wa Chama cha Waafrika wa Tanganyika, kiti hicho kilikaliwa na daktari, mtu wa nchi ya Wahaya, magharibi ya Ziwa Victoria, jina lake Vedast Kyaruzi. Katika vitabu vingi ametajwa kwa mstari mmoja au miwili, kisha msomaji hupelekwa mbele haraka. Leo tutasimama kidogo katika mistari hiyo miwili.

Kwanza tuangalie nchi aliyotoka. Ziwa letu lilikuwa njia kuu kabla ya barabara kuwa njia. Reli ya kutoka Tabora ilifika Mwanza mwaka 1928, na tokea hapo mzigo wa pamba na abiria waliweza kwenda mpaka Dar es Salaam kwa gari la moshi. Lakini mtu wa Bukoba, mbele ya macho yake kulikuwa na maji, na ng'ambo ya maji kulikuwa na Uganda. Kahawa yake ilikwenda kwa meli, na vijana wake waliotafuta elimu kubwa walielekea kaskazini, Makerere, iliyoanzishwa mwaka 1922. Jirani na Makerere ni kilima cha Mulago, penye hospitali iliyoanza mwaka 1913, na hapo ndipo vijana wa nchi zote za Afrika ya Mashariki walipofundishwa uganga wa kizungu. Basi si ajabu kwamba Wahaya walipata madaktari mapema kuliko makabila mengi ya Tanganyika. Wala si ajabu kwamba walikwisha zoea mambo ya vyama: Umoja wa Wahaya uliundwa Bukoba mwaka 1924, na walioushika walikuwa makarani na wafanya biashara waliojua kuandika barua kwa Serikali na kudai jibu.

Huenda mmoja wenu atauliza, je, kijana aliyefunzwa kupima homa na kufunga jeraha, siasa zamhusu nini? Jawabu li katika kazi yenyewe. Wakati ule waganga walikuwa wa madaraja. Chini kabisa alikuwako dresa wa zahanati ya wenyeji, aliyelipwa na hazina ya mtemi, mwenye kabati moja la dawa na foleni ya watu tangu alfajiri. Juu yake alikuwako mganga msaidizi, aliyefunzwa katika hospitali za Serikali. Kisha akaja mtu wa Makerere, aliyesoma miaka mingi, mwenye kuweza kupasua na kutibu maradhi yote yaliyofika mlangoni. Huyo naye, ijapokuwa alifanya kazi ya daktari, hakuandikwa daktari sawa na Mzungu. Cheo chake kilikuwa cha usaidizi, mshahara wake ulikuwa mdogo kuliko wa Mzungu aliyekuwa naye katika wodi moja, na nyumba yake ilikuwa mtaa mwingine. Baraza la waganga la Uingereza halikuikubali shahada ya Makerere mpaka mwaka 1957. Fikirini hali ya mtu anayeitwa usiku kuokoa roho ya mtu, na asubuhi akaambiwa kwamba yeye si daktari kamili. Mtu wa namna hiyo hahitaji kufundishwa maana ya ubaguzi.

Tena mganga huona asiyoyaona karani. Karani huletewa karatasi; mganga huletewa watu. Hujua ni kijiji gani watoto wake wamepungukiwa na chakula, na ni shamba gani watu wake wanakohoa. Pwani za Ziwa zilikuwa zimekwisha ona maafa makubwa ya ugonjwa wa malale mwanzoni mwa karne iliyopita, hata visiwa vikahamwa. Mtaalamu wa Kijerumani Robert Koch alikuja mwenyewe katika visiwa vya Sese mwaka 1906 kuutafuta ukweli wa ugonjwa huo. Watu wa Ziwa walijua kutokana na hayo kwamba amri ya Serikali juu ya afya yaweza kumhamisha mtu katika ardhi ya baba yake. Dawa na utawala havikuwa vitu viwili mbalimbali katika macho yao.

Basi tufike Dar es Salaam. Chama cha Waafrika kiliundwa huko mwaka 1929, na mwaka 1948 kikabadili jina kikawa Chama cha Waafrika wa Tanganyika, au TAA kama kilivyojulikana. Kilikuwa na matawi mengi, baadhi yake katika Jimbo la Ziwa yakiwa na nguvu kuliko makao makuu yenyewe. Makao makuu yalikuwa yamelala. Ndipo kikatokea kikundi cha vijana wenye elimu wakataka kuyaamsha: Kyaruzi, na pamoja naye waganga wenziwe wa Makerere kama Luciano Tsere na Wilbard Mwanjisi, Stephen Mhando, Hamza Mwapachu, na Abdulwahid Sykes, mtoto wa Kleist Sykes aliyekuwa mmoja wa waasisi wa chama mwaka 1929. Abdulwahid alikuwa amepigana vita Burma katika jeshi la King's African Rifles, na hakurudi nyumbani ili akae kimya. Mwaka 1950 vijana hao waliuchukua uongozi, na Kyaruzi akawekwa rais.

Mimi naona kuchaguliwa kwa mganga wa Bukoba kuwa rais katika mji wa pwani ni jambo kubwa kuliko linavyoandikwa. Alikuwa Mkristo wa bara kati ya wazee wengi wa Kiislamu wa mjini, Mhaya kati ya Wazaramo, Wamanyema na Wazulu wa Dar es Salaam. Hawakumchagua kwa ukoo wala kwa dini. Walitaka mtu atakayeweza kusimama mbele ya Gavana na kusema naye kwa lugha ya Gavana, hoja kwa hoja.

Na hoja ilikuwa tayari inangoja. Gavana Edward Twining, aliyeingia nchini mwaka 1949, alikuwa ameweka kamati ya kufikiri juu ya katiba ya Tanganyika na jinsi watu watakavyowakilishwa katika Baraza la Kutunga Sheria. Waafrika wa kwanza kuingia Baraza hilo walikuwa watemi wawili, Kidaha Makwaia wa Shinyanga na Abdiel Shangali wa Machame, walioteuliwa mwaka 1945. Kyaruzi na wenziwe waliunda kamati ndogo ya siasa, akiwamo Sheikh Hassan bin Amir, mwanachuoni mkubwa, na mfanya biashara John Rupia, wakaandika maoni ya chama wakayapeleka kwa kamati ya Gavana. Yatazameni majina hayo: mganga, sheikh, mwenye mali, na askari wa zamani. Walikaa meza moja kuandika waraka mmoja juu ya katiba, wakati ambapo shule za nchi hazikuwafundisha watoto neno hilo lina maana gani.

Waraka wa Waafrika haukufuatwa. Kamati ilipotoa shauri lake mwaka 1951, ilitaka viti vya watu wasio wa Serikali vigawanywe sawasawa: saba kwa Wazungu, saba kwa watu wa Asia, na saba kwa Waafrika. Kwa kusikia tu, mtu aweza kusema kwamba hiyo ni haki, maana saba na saba ni sawa. Lakini hesabu ya watu ya mwaka 1948 ilikuwa imeonyesha Waafrika zaidi ya milioni 7, na Wazungu wa maelfu machache tu. Mwanafunzi yeyote wa darasa la nne aliyejua kugawanya angeweza kuona kasoro ya usawa huo.

Gavana hakumfunga Kyaruzi. Hakumshitaki, wala hakumfukuza kazi. Alimhamisha.

Neno hilo uhamisho, wasikilizaji, lastahili tulitazame vizuri, kwa maana katika nchi za ukoloni ilikuwa silaha isiyo na sauti. Mtumishi wa Serikali hana hoja ya kukataa; hospitali fulani inataka mganga, naye ni mganga. Hakuna hakimu wa kukata rufani kwake, hakuna gazeti la kuandika. Kyaruzi aliondolewa Dar es Salaam akapelekwa Kingolwira, karibu na Morogoro, kwenye gereza, awatibu wafungwa. Kutoka Morogoro mtu bado aweza kupanda gari la moshi akahudhuria mkutano mjini. Baadaye akapelekwa mbali zaidi, Nzega, katika Jimbo la Magharibi. Huko hapakuwa na njia nyepesi ya kuwa rais wa chama ambacho mkutano wake ni Dar es Salaam. Chama kikabaki na rais aliye mbali, na kazi ikamwangukia Abdulwahid Sykes.

Wengine wamemlaumu kwamba hakuacha kazi. Kulaumu ni rahisi. Mwaka 1951 chama hakikuwa na fedha ya kumlipa mtu mmoja mshahara, na daktari wa Kiafrika akiacha kazi ya Serikali hakuwa na hospitali nyingine iliyomngoja, isipokuwa labda ya misheni. Tena kulikuwa na wagonjwa. Waafrika waliofuzu udaktari walikuwa wachache mno, hata mmoja akiondoka, wilaya nzima huweza kubaki bila mtu wa kushika kisu cha kupasulia. Mwalimu akiacha darasa, watoto wataumia, lakini watangoja. Mgonjwa hangoji.

Lakini Serikali haikupima vizuri jambo moja. Ukimtoa mtu wa siasa mjini na kumpeleka bara, umemwondoa mjini, nawe pia umempeleka bara. Mfano ulio bora zaidi wa jambo hili ni Hamza Mwapachu. Yeye alikuwa mtu wa Tanga, naye pia alianza kwa kujifunza na kufanya kazi ya tiba. Mwanza aliijua zamani. Mtoto wake Juma, aliyekuja kuwa balozi na katibu mkuu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, alizaliwa katika mji huo mwaka 1942. Hamza alikuwa rafiki wa Nyerere tangu Makerere, na baadaye walikuwa pamoja Tabora katika tawi la chama. Kisha alikwenda Uingereza kusomea ustawi wa jamii, akarudi akiwa na vitabu vingi kichwani na maswali mengi mdomoni. Naye akahamishwa: alipelekwa Ukerewe, katika kisiwa, akae Nansio.

Mtu asiyeijua Ukerewe aweza kudhani kwamba ni mahali pa giza. Sivyo. Ni kisiwa cha wakulima hodari na wasomi wa misheni. Katika kisiwa hicho hicho mzee Aniceti Kitereza alikuwa amekwisha maliza, mwaka 1945, kitabu chake kirefu cha Myombekere na Bugonoka kwa Kikerewe, ambacho kilipigwa chapa kwa Kiswahili mwaka 1980. Lakini Gavana hakuwa akifikiri habari za vitabu. Alitazama ramani akaona maji pande zote.

Wazee wa Dar es Salaam wamesimulia kwamba Abdulwahid Sykes, pamoja na Ali Mwinyi Tambwe, walifunga safari kwenda Nansio kumwona Mwapachu. Walitaka shauri juu ya nani aongoze chama. Nyerere alikuwa amerudi kutoka Edinburgh mwezi wa Oktoba 1952 na kuanza kufundisha Pugu. Je, apewe nafasi? Fikirini safari yenyewe: gari la moshi mpaka Tabora, kisha mpaka Mwanza, kisha chombo cha majini mpaka kisiwani; na yote hayo kwa ajili ya neno la mtu mmoja ambaye Serikali ilidhani imekwisha mnyamazisha. Kwa masimulizi hayo, Mwapachu aliunga mkono Nyerere. Tarehe 17 Aprili 1953, katika ukumbi wa Arnautoglu, Nyerere alichaguliwa kuwa rais wa TAA. Tarehe 7 Julai 1954 chama kikageuzwa kuwa TANU.

Katikati ya tarehe hizo mbili Serikali ilifunga mlango uliobaki. Mwezi wa Agosti 1953 ilitoa waraka wa kuwakataza watumishi wake wa Kiafrika kuwa wanachama wa vyama vya siasa. Waraka huo uliwakata waganga kuliko watu wote. Mwalimu wa misheni, kama Nyerere mwenyewe, hakuwa mtumishi wa Serikali, ijapokuwa mwaka 1955 naye ilimlazimu kuchagua, akaacha kazi. Mkulima wa pamba alikuwa huru. Ndiyo sababu, katika Jimbo la Ziwa, uongozi wa miaka iliyofuata ulishikwa na watu waliosimama juu ya mali yao au juu ya vyama vya ushirika, kama Paul Bomani na wenziwe wa vyama vya wakulima wa pamba, vilivyoungana mwaka 1955 chini ya shirikisho lililokuwa na makao Mwanza. Waganga walitoweka katika orodha za viongozi, na msomaji asiyejua habari ya waraka ule atadhani waliogopa.

Hata hivyo hao waliokuwa huru hawakuachwa. Tangu mwishoni mwa mwaka 1954 TANU ilikatazwa katika Usukuma, na katazo hilo likadumu mpaka mwaka 1958. Mwaka huo huo watu wa Geita waliokataa baraza la mchanganyiko walikwenda Mwanza kwa wingi kutoa malalamiko yao kwa wakuu wa jimbo. Baraza la mchanganyiko lilikuwa ndugu mdogo wa ule mgawanyo wa saba kwa saba, umeletwa mpaka wilayani. Kwa hiyo jambo ambalo Kyaruzi na wenziwe walilipinga kwa kalamu mwaka 1950, wakulima wa Geita walilipinga kwa miguu yao miaka minane baadaye.

Haya hayakuwa ya Tanganyika peke yake. Mbali sana, katika pwani ya bahari ya Atlantiki, Amerika ya Kusini, iko nchi iliyoitwa Guyana ya Waingereza. Huko Cheddi Jagan, mtoto wa watu wa mashamba ya miwa, alikwenda Marekani akasomea uganga wa meno huko Chicago, akarudi mwaka 1943 na kufungua mahali pa kutibia katika mji wa Georgetown. Mwaka 1947 aliingia katika baraza la nchi, na mwezi wa Aprili 1953 chama chake kilishinda uchaguzi. Alikaa serikalini siku 133 tu. Mwezi wa Oktoba Waingereza walileta askari, wakaiondoa katiba, na mwaka uliofuata wakamtia gerezani. Tazameni tofauti: Jagan alikuwa na meza yake mwenyewe na wagonjwa waliomlipa mkononi, basi hapakuwa na mtu wa kumhamisha, ilitakiwa manowari. Hastings Banda wa Nyasaland naye alikuwa na wagonjwa wake London, akaweza kuandika na kusema apendavyo. Kyaruzi alilipwa na yule yule aliyempinga, na karatasi moja ikatosha.

Sasa turudi kwa mtu wetu. Miaka ile ya zogo aliendelea kuwatibu watu. Hatumwoni katika picha za mikutano ya Mnazi Mmoja, wala kati ya watu 17 waliounda TANU. Tanganyika ilipopata uhuru tarehe 9 Desemba 1961, ilihitaji kwa siku chache mtu wa kukaa katika kiti cha nchi hiyo New York. Kwa maana tarehe 14 Desemba ilipokelewa katika Umoja wa Mataifa, ikawa nchi mwanachama wa 104. Mjumbe wa kwanza wa kudumu wa Tanganyika katika baraza hilo alikuwa Dakta Vedast Kyaruzi.

Umoja wa Mataifa ndio uliokuwa umewapa Waingereza udhamini wa Tanganyika mwaka 1946. Wajumbe wake walikuja nchini kila baada ya miaka mitatu kuuliza habari, na Waafrika wakawapa barua zao. Mwaka 1952 Kirilo Japhet wa Meru alikwenda mpaka huko kulalamikia ardhi ya watu wake waliohamishwa kwa nguvu. Alikwenda kama mwombaji, akapewa saa chache za kusema. Miaka tisa baadaye mganga aliyehamishwa Kingolwira aliingia nyumba ile ile kama mwenye kiti na kura. Mwaka 1962 kiti hicho kilichukuliwa na Erasto Mang'enya.

Wako na wengine waliotoka katika wodi wakaingia katika utawala, nao nitawataja kwa ufupi tu. Wilbert Chagula wa Shinyanga, daktari na mwalimu wa elimu ya viungo vya mwili, alikuwa Mwafrika wa kwanza kuongoza Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, kisha akawa waziri. Lucy Lameck wa Moshi alisomea uuguzi, akawa mmoja wa wanawake wa kwanza katika Bunge na katika Serikali. Leader Stirling, Mwingereza mpasuaji aliyefanya kazi miaka mingi katika misheni za kusini, alikuwa Waziri wa Afya tangu 1975 mpaka 1980. Hao wote walikuta mlango umekwisha funguliwa.

Hapa Mwanza, juu ya kilima cha Bugando, ilifunguliwa mwaka 1971 hospitali kubwa inayoonekana na kila anayeingia bandarini kwa meli, na wagonjwa wa Bukoba, Musoma, Geita na Ukerewe huletwa huko. Baadaye Bugando pakawa pia mahali pa kufundisha madaktari. Kijana wa Ziwa anayetaka kazi hiyo halazimiki tena kuvuka maji kwenda Mulago, na akimaliza masomo huandikwa daktari bila neno jingine kuongezwa mbele yake.